Vikaragosi vya Paris na urithi wake Kenya

Makala niliyoyasoma yanaeleza kufungwa kwa Les Guignols, kipindi cha vikaragosi cha kuwakejeli wanasiasa, mwaka 2018 kana kwamba ni habari ya Ufaransa peke yake, ilhali kipindi hicho, kilichoanza kwenye runinga ya Ufaransa ya Canal+ mwaka 1988, ndicho kilichomvutia mchoraji wa katuni Gado hadi sisi Kenya tukapata kipindi chetu cha vikaragosi, The XYZ Show, mwaka 2009. Hapa Mombasa, wazee waliozoea kulitaja jina la rais kwa kunong'ona enzi za chama kimoja walikaa barazani wakajadili waziwazi vikaragosi vya wakubwa, na hilo si jambo dogo hata kidogo. Tena kipindi cha Wafaransa, kwa maoni yangu, hakikufa kwa kuchokwa: kilianza kudhoofishwa mwaka 2015, waandishi wake walipoachishwa kazi na kikahamishiwa kwa watazamaji wanaolipia, jambo ambalo mwandishi wa makala hayo angalilieleza kwa kirefu zaidi.