Lenin kafukuliwa, askari kahamishwa

Mwezi Septemba 2015, katika msitu ulio pembezoni mwa Berlin, mafundi walifukua kichwa cha sanamu ya Lenin, kiongozi wa mapinduzi ya kikomunisti ya Urusi. Ni kichwa cha matale mekundu chenye uzito wa tani tatu na nusu, na kimo chake kinakaribia kile cha mtu mzima. Kazi ilikuwa imecheleweshwa na mambo mengi, mojawapo likiwa mijusi. Mjusi wa mchangani, ambaye analindwa na sheria za Ujerumani, alikuwa amefanya makazi juu ya kaburi lile la mawe, ikabidi mijusi wahamishwe kwanza kwa utaratibu. Walihamishwa kwa adabu kuliko alivyohamishwa Lenin mwenyewe.

Lenin huyo alikuwa na urefu wa mita 19. Serikali ya Ujerumani Mashariki ilimsimika Aprili 1970, alipotimiza miaka mia tangu kuzaliwa, katika uwanja uliopewa jina lake, na magorofa ya makazi yakajengwa kumzunguka. Ukuta wa Berlin ulianguka 1989, Ujerumani mbili zikaungana mwaka uliofuata, na Novemba 1991 mafundi wakaanza kumkata. Alitoka vipande zaidi ya mia moja. Vikapakiwa, vikapelekwa msituni, vikafunikwa mchanga, na uwanja ukaitwa wa Umoja wa Mataifa. Kisha, baada ya miaka zaidi ya ishirini, jiji lile lile likaenda kumchimbua, maana makumbusho ya ngome ya Spandau yalikuwa yakiandaa maonyesho ya sanamu zilizowahi kuondolewa mitaani Berlin. Tangu 2016 kichwa kimelala humo ubavu, sakafuni.

Katika mabishano mengi kuhusu minara ya enzi za ukomunisti, pande zote mbili husema kana kwamba sanamu ina hali mbili tu: imesimama au haipo. Kichwa cha Spandau kinawavurugia wote hesabu.

Nianze na wanaotaka zing'olewe, kwa kuwa kwa upande wa Lenin hoja yao ndiyo nzito. Sanamu ya uwanjani imewekwa juu ili utazame juu. Haikuelezi jambo, inakudai heshima, na walioisimika hawakumuuliza mpita njia. Mwezi Machi 1949, katika siku chache tu, watu zaidi ya 90,000 walikamatwa na utawala wa Kisovieti katika Estonia, Latvia na Lithuania wakasafirishwa kwa mabehewa hadi Siberia, wengi wao wanawake na watoto. Waliorudi walikuta Lenin amesimama mjini, na kila siku ya kwenda sokoni walipita chini ya mkono wake. Ukraine ilipojitenga mwaka 1991 ilikuwa na Lenin wapatao 5,500. Idadi hiyo peke yake inaeleza kitu. Kumbukumbu haihitaji nakala elfu tano. Kinachohitaji nakala nyingi hivyo ni kibao cha mwenye shamba, kile kinachosema eneo hili lina mwenyewe.

Sasa upande wa pili. Hoja inayosikika zaidi, kwamba kuondoa sanamu ni kufuta historia, mimi naiona dhaifu. Sijui ni nani aliyejifunza historia ya Urusi kwa kutazama kidevu cha jiwe. Lakini zipo hoja nyingine ambazo huwa hazipewi nafasi.

Ya kwanza ni kwamba ung'oaji una historia yake, nayo wakomunisti wenyewe wamo ndani. Prague, wakati huo mji mkuu wa Chekoslovakia, walizindua sanamu ya Stalin, mrithi wa Lenin, Mei 1955, miaka miwili baada ya Stalin halisi kufa. Kilikuwa kikundi kikubwa cha matale juu ya kilima cha Letná, Stalin mbele na safu ya watu nyuma yake, na wenyeji wakakiita foleni ya nyama. Mchongaji wake alijiua kabla ya uzinduzi. Mwaka 1962 chama kile kile kilichojenga kikaleta baruti. Leo juu ya kilima kuna mkono mrefu wa chuma unaoyumba kama wa saa, uliowekwa 1991, ila vijana wakipanga kukutana pale bado husema wanakwenda kwa Stalin. Baruti iliondoa jiwe, jina likabaki.

Berlin nayo ina tabia hiyo. Sanamu za wafalme wa Prussia zilizikwa katika bustani ya kasri la Bellevue mwaka 1954, zikaja kufukuliwa miaka ya sabini mwishoni. Upande wa mashariki, mwaka 1950 wakomunisti walilipua kasri la kifalme, na baadaye hapo hapo wakajenga Kasri la Jamhuri lililofunguliwa 1976. Ujerumani iliyoungana ikalibomoa kati ya 2006 na 2008, kisha ikajenga upya sura ya lile la kwanza. (Ndani ya jengo hilo jipya lenye sura ya zamani yamo makumbusho ya ethnolojia, ambayo mkusanyo wake una vitu vilivyotwaliwa na Wajerumani kwetu wakati wa Vita vya Maji Maji. Walioshindana juu ya kumbukumbu ipi ya Kijerumani isimame pale walitumia miaka mingi kabla ya kugeukia kumbukumbu za wengine zilizokuwa kwenye masanduku yao.) Anayeangusha leo anaamini yeye ndiye wa mwisho. Wote waliomtangulia waliamini hivyo.

Hoja ya pili ni ya watu waliokuwa wakiishi pale. Baadhi ya wakazi wa magorofa ya uwanja ule wa Berlin walipinga Lenin wao kuvunjwa mwaka 1991, na itakuwa kosa kudhani kila aliyepinga alikuwa mfuasi. Walikuwa wamepoteza nchi ndani ya mwaka mmoja. Viwanda vilikuwa vinafungwa na wakubwa wapya walikuwa wanatoka magharibi. Mtu aliyekulia na kuolewa chini ya sanamu ile alipoona msumeno ukianza kazi hakusikia hukumu juu ya Lenin tu. Alisikia kwamba hata miaka yake mwenyewe ilikuwa takataka. Unaweza kumwambia amekosea, lakini huwezi kumwambia hakusikia.

Mpaka hapo bado naegemea upande wa kushusha. Mambo yanakuwa magumu tunapomwacha kiongozi tukamjia askari.

Tallinn, mji mkuu wa Estonia, ilikuwa na askari wa shaba, ameinamisha kichwa na kofia ya chuma mkononi. Aliwekwa katikati ya mji Septemba 1947, ukumbusho wa wale walioitwa wakombozi wa Tallinn. Chini yake walizikwa wanajeshi wa Jeshi Jekundu, yaani jeshi la Kisovieti. Kwa Warusi wa Estonia, ambao mwaka 2007 walikuwa karibu robo ya wakazi, huyo ni babu aliyempiga Hitler. Lakini Jeshi Jekundu lilipoingia Tallinn tarehe 22 Septemba 1944, bendera iliyokuwa ikipepea kwenye mnara wa ngome ilikuwa ya Estonia. Wajerumani walikuwa wanaondoka, na Waestonia walikuwa wametangaza serikali yao siku chache nyuma. Bendera hiyo ndiyo iliyoshushwa, na ukombozi ukadumu karibu nusu karne.

Hadithi zote mbili ni za kweli. Askari aliyezikwa pale alikuwa wa jeshi lililopigana na Wanazi, na jeshi hilo lilipomaliza kuwafukuza halikuondoka. Ukimwambia Mwestonia asahau nusu ya pili, unamtukana. Ukimwambia mjukuu wa yule askari kwamba babu yake ni mvamizi tu, naye unamtukana.

Serikali iliamua kumhamisha. Aprili 2007 uzio uliwekwa ili kuchimbua makaburi, ghasia zikazuka usiku wa tarehe 26, maduka yakavunjwa, kijana mmoja akauawa, na kabla ya kupambazuka askari wa shaba alikuwa ameondolewa. Benki, magazeti na tovuti za serikali zikashambuliwa kwa mtandao kwa majuma kadhaa, mashambulizi yaliyoifanya dunia nzima ianze kuzungumzia vita vya kompyuta. Mwaka uliofuata NATO ilifungua Tallinn kituo chake cha ulinzi wa mtandao.

Siku chache tu baada ya ghasia askari alikuwa amesimama tena, mzima, katika makaburi ya jeshi. Miili 12 ilifukuliwa, na mingi ilizikwa upya kwa heshima. Ukitazama matokeo peke yake, huo ndio uamuzi wa busara kuliko yote niliyoyataja: marehemu wako makaburini, mji umepata uwanja wake, hakuna kilichovunjwa. Kilichoharibu ni njia. Jambo lililojadiliwa miezi mingi lilimalizwa usiku, nyuma ya uzio, na waliolala na mnara wakaamka na shimo. Watetezi wa serikali husema wasingefanya usiku, ghasia zingekuwa kubwa zaidi. Huenda. Ila waliobomolewa usiku hukumbuka usiku huo kuliko sababu zake.

Anayeijua Dar es Salaam hatashangaa kwamba kiongozi na askari hupimwa kwa mizani mbili. Mwaka 1909 Wajerumani walimsimika mjini gavana wao Hermann von Wissmann. Waingereza walipouteka mji katika Vita Kuu ya Kwanza walimng'oa wakamchukua kama ngawira, akaishia mbele ya chuo kikuu cha Hamburg mwaka 1922, ambako wanafunzi walimwangusha 1968. Mwaka 1927 Waingereza wakaweka Askari pale Dar. Huyo naye ni wa himaya, na vita aliyopigana haikuwa yake, lakini uhuru ulipokuja hakuna aliyemletea winchi. Watu walimtazama usoni wakaona mtu wa kwao.

Mwaka 2022 ulibadilisha mizani. Urusi ilipoivamia Ukraine, subira ya nchi za Baltiki, yaani Estonia, Latvia na Lithuania, iliisha. Estonia iliondoa kifaru cha kivita cha kumbukumbu karibu na Narva tarehe 16 Agosti ikakipeleka makumbusho ya vita. Siku tisa baadaye Latvia iliangusha nguzo ya ushindi wa Jeshi Jekundu mjini Riga, yenye urefu wa mita 79, iliyokuwa na miaka 37 tu. Hiyo haikuwa ya kulazwa sakafuni mahali popote. Ilidondokea kwenye kidimbwi mbele yake, huku watu wakishangilia, na wengine wakitazama kimya.

Je, walikosea? Kuna jambo lililotokea Ukraine mwaka huo huo ambalo linanizuia kusema ndiyo. Februari, siku tatu kabla ya uvamizi, Putin alihutubia taifa akamlaumu Lenin kwa kuiunda Ukraine, na akawakejeli Waukraine kwamba wakitaka kuondoa ukomunisti, atawaonyesha maana yake halisi. Miezi miwili haikupita, wanajeshi wake wakamrudisha Lenin juu ya jukwaa huko Henichesk, mji waliokuwa wameuteka. Lenin yule yule aliyelaumiwa! Hapo ndipo nilipoelewa kwamba sanamu hizi hazina habari tena na ukomunisti. Hakuna anayegombania mali ya umma wala haki za wafanyakazi. Lenin wa Henichesk alikuwa anasema tu kwamba Moscow imerudi, na sanamu inayoweza kutumiwa hivyo haiwezi kutetewa kwa hoja ya sanaa au ya makumbusho peke yake.

Na hata hivyo gharama ya Riga haikulipwa na Moscow. Ililipwa na bibi wa Kirusi wa Riga aliyekuwa akipeleka maua kila tarehe 9 Mei, siku ya Kisovieti ya ushindi dhidi ya Hitler, na ambaye pengine hakumpenda Putin na sasa ameambiwa kwamba huzuni yake ni suala la usalama. Sina jibu la kumpa bibi huyo. Nawashuku kidogo wale wanaosema wanalo.

Budapest ilipita njia nyingine: 1993 ilifungua bustani nje ya mji na kuwakusanya humo akina Lenin wake pamoja na wengine. Wapo wanaolalamika kwamba imekuwa mahali pa watalii kupiga picha za utani. Kwangu hilo si baya. Addis Ababa haikupanga chochote: Mei 1991, siku mbili baada ya Mengistu, mtawala wa kikomunisti wa Ethiopia, kukimbia, Lenin alivutwa chini, lakini kichwa cha Karl Marx karibu na chuo kikuu, zawadi ya Ujerumani Mashariki, kikaachwa. Mnara wa Tiglachin pia ungali juu na nyota yake nyekundu, kwa sababu unawakumbuka Waethiopia na Wakuba waliokufa katika vita vya Ogaden dhidi ya Somalia. Mji huo, bila kamati wala wanahistoria, ulifanya uchambuzi ambao mabunge ya Ulaya yamehangaika nao miaka thelathini.

Pale Spandau wageni wanaruhusiwa kukigusa kichwa. Naweza kudhani wako wanaofurahia kumpapasa pua mtu aliyewatazama kutoka juu maisha yao yote, na wako wanaoona aibu kumkuta amelalia sikio. Tallinn nako, mahali alipokuwa askari pamekuwa bustani. Kila tarehe 9 Mei watu, wakiwa na maua mkononi, wanakwenda makaburini.