Pirlo hakucheza peke yake

Ukimtaja Andrea Pirlo, kiungo wa zamani wa Italia, kwenye kijiwe chochote cha mpira, utaletewa mambo matatu: ndevu, utulivu na ile penalti ya Kyiv. Juni 24, 2012, robo fainali ya Euro dhidi ya Uingereza, Italia ilikuwa nyuma kwenye matuta baada ya Riccardo Montolivo kukosa. Pirlo akamsubiri kipa Joe Hart aruke, kisha akaudokoa mpira ukaingia taratibu katikati ya goli. Ashley Young akagonga mwamba, Ashley Cole akadakwa na kipa wa Italia, Buffon, Italia ikapita kwa 4-2.

Kumbukumbu ni nzuri, ila inapotosha. Miaka saba kabla ya hapo, Istanbul, Mei 25, 2005, Pirlo huyohuyo alipiga mkwaju wa pili wa Milan kwenye fainali ya Ligi ya Mabingwa na kipa wa Liverpool, Jerzy Dudek, akaupangua. Kwa hiyo hadithi ya mtu asiyetetereka kamwe tuiweke kando. Ninachoshikilia mimi ni kwamba Pirlo alitengenezwa na sehemu ya uwanja aliyopangiwa na watu waliowekwa pembeni yake. Kipaji alikuwa nacho tangu utotoni Flero, kijiji cha jirani na Brescia alikozaliwa Mei 19, 1979. Ila kipaji hichohicho kilikaa Inter bila kupata pa kuchezea.

Alianza kama namba kumi, mchezeshaji anayecheza nyuma ya washambuliaji. Brescia ilimpa mechi yake ya kwanza ya Serie A, ligi kuu ya Italia, Mei 1995, akiwa na miaka 16 na siku mbili tu. Inter ikamchukua 1998, ikamtoa kwa mkopo Reggina, ikamrudisha, akakaa benchi tena. Wakati huohuo, kwenye timu ya taifa ya vijana chini ya miaka 21 aliyoinoa Marco Tardelli, alikuwa nahodha na bingwa wa Ulaya mwaka 2000. Fainali ya Bratislava waliifunga Jamhuri ya Czech 2-1, na mabao yote mawili ya Italia aliyafunga yeye. Kwa hiyo Inter haikuwa na sababu ya kusema haijamwona. Tatizo lilikuwa miguu. Namba kumi wa Serie A ya miaka ile alipokea mpira akiwa amelipa mgongo lango, beki amemgandia shingoni, na ili aponyoke ilibidi awe na mbio za hatua tano za kwanza au mwili wa kugongana. Pirlo hakuwa na kimoja kati ya hivyo.

Januari 2001 akarudi Brescia kwa mkopo. Kocha alikuwa Carlo Mazzone, na namba kumi alikuwa Roberto Baggio, mtu ambaye hakuna wa kumtoa. Mazzone akamshusha Pirlo mbele ya mabeki. Aprili 1, 2001, uwanja wa Delle Alpi, Juventus inaongoza 1-0, dakika ya 86, Pirlo akapokea mpira katikati ya uwanja bila mtu wa kumsumbua, akainua kichwa, akautuma juu ya safu yote ya ulinzi. Baggio akauua kwa mguso mmoja uliompita kipa Edwin van der Sar, akausukuma kwenye nyavu tupu. Watu husifia mguso wa Baggio, na wana haki. Ila angalia Pirlo alikuwa amesimama wapi: angekuwa namba kumi, pasi ile asingeiona wala asingekuwa na nafasi ya kuipiga.

Milan ilimnunua majira yale ya joto kwa lira bilioni 35. Carlo Ancelotti, aliyechukua timu Novemba baada ya Fatih Terim kufukuzwa, hakuwa na shida ya namba kumi. Rui Costa alikuwepo. Pirlo mwenyewe akamwomba ajaribiwe chini. Na hapa ndipo wengi husimulia nusu ya habari. Ancelotti hakumweka Pirlo chini akamwacha. Kulia alimweka Gennaro Gattuso, kushoto Clarence Seedorf, mbele yao Rui Costa na baadaye Kaká. Gattuso alifanya kazi ya watu wawili, akifukuza kila mpira uliopotea na kuziba kila pengo ambalo Pirlo asingeweza kulifikia kwa wakati. Seedorf alikuwa na kifua cha kulinda mpira akibanwa, hivyo Pirlo alipofungiwa njia kulikuwa na mlango wa pili. Mfumo huo ulileta Ligi ya Mabingwa 2003 na 2007, ubingwa wa Italia 2004, na miaka kumi ya Pirlo pale yenye mechi 401.

Kazi yenyewe inafanyika hivi. Kipa akiwa na mpira, mabeki wawili wa kati wanatanuka hadi karibu na kona za eneo la penalti, mabeki wa pembeni wanapanda, na kiungo wa chini anashuka kwenye pengo. Kabla mpira haujamfika anakuwa ameshageuza shingo kushoto na kulia, mara mbili au tatu. Mwili anauweka nusu upande, si kifua kwa kipa. Mguso wa kwanza unakwenda mbali na anayekuja kumkaba, wa pili ni pasi. Mwenye kuhitaji mguso wa tatu ameshachelewa. Wanaomwiga Pirlo wengi huiga polepole yake tu. Haraka yake ilikuwa kichwani na shingoni, na ndiyo iliyoiruhusu miguu kutulia. Vijana wanaopangwa namba sita, yaani kiungo wa chini, kisha wakapokea mpira macho yakiwa chini, wakageuka, wakapokonywa, wasimsingizie Pirlo.

Dawa yake pia ilikuwepo, na aliyeitumia vizuri kuliko wote ni Alex Ferguson, kocha wa Manchester United. Machi 10, 2010, Old Trafford, alimpa Park Ji-sung kazi moja: kuwa kivuli cha Pirlo. Park hakukimbilia mpira. Alisimama kati ya Pirlo na mabeki wa Milan, na Pirlo alipohama, naye alihama. Milan ikalazimika kuanzisha mashambulizi kupitia miguu ya mabeki ambao hawakuwa na pasi za Pirlo. Manchester United ilishinda 4-0, jumla ya mechi mbili 7-2. Mpango wa namna hii unagharimu, maana unamtoa mtu wako mmoja kwenye mchezo. Ila ukiwa na mtu mwenye mapafu ya Park, na wapinzani wana mchezeshaji mmoja tu, hesabu inakubali.

Msimu uliofuata Massimiliano Allegri aliingia Milan na akapendelea kuweka mkabaji mbele ya mabeki: Mark van Bommel au Massimo Ambrosini. Pirlo alisogezwa kushoto, majeraha nayo yakamweka nje. Milan ikatwaa ubingwa wa 2011, kwa hiyo huwezi kusema Allegri alikosea siku ile. Kosa lilikuwa la klabu: kumwachia bure mchezaji wa miaka 32 kwa imani kwamba umri umemmaliza, wakati mchezo wake haukutegemea mbio tangu mwanzo. Aliyemchukua ni Juventus, timu iliyokuwa imemaliza ya saba misimu miwili mfululizo.

Mechi ya kwanza ya ligi kwenye uwanja mpya wa Turin, Septemba 2011, dhidi ya Parma, bao la kwanza lilitoka kwa Stephan Lichtsteiner aliyekimbia nyuma ya mabeki kufuata mpira wa Pirlo uliopita juu ya vichwa vyao. Juventus ilimaliza msimu ule bila kufungwa hata mechi moja ya ligi: ushindi 23, sare 15. Yakawa mataji manne ya Serie A mfululizo kabla hajaondoka, ukihesabu la msimu ule, na fainali ya Ligi ya Mabingwa ya 2015 waliyopoteza 3-1 kwa Barcelona. Inapendeza kwamba ile ya 2015 alicheza chini ya Allegri yuleyule, safari hii akiwa mahali pake.

Antonio Conte, kocha wa kwanza wa Pirlo pale Juventus, alielewa somo la Park. Pembeni ya Pirlo aliwaweka Arturo Vidal na Claudio Marchisio, wakimbiaji wanaokaba na pia wanaoingia kwenye boksi kufunga. Nyuma yake akaweka mabeki watatu, Barzagli, Bonucci na Chiellini, na wa katikati, Leonardo Bonucci, alikuwa na pasi ndefu. Ukimfunga Pirlo, Bonucci anabaki huru. Ukimfuata Bonucci, umeacha mlango wa Pirlo wazi. Serie A nzima haikupata jibu. Bayern Munich ilipata, Aprili 2013, kwa kukabia juu na kuwabana wote kwa pamoja, ikashinda 2-0 nyumbani na 2-0 Turin. Ila hiyo inataka timu nzima yenye pumzi ya dakika 90, na timu za namna hiyo ni chache.

Kombe la Dunia 2006 sitalirefusha, kila mtu analijua. Alifungua mabao ya Italia dhidi ya Ghana mjini Hannover, akapiga kona ya bao la Materazzi kwenye fainali ya Berlin, akafunga penalti ya kwanza ya matuta. Nitakaa kwenye kitu kimoja tu: dakika ya 119 ya nusu fainali, Dortmund. Kona ya Del Piero inaondolewa, mpira unamwangukia Pirlo nje kidogo ya boksi. Mtu mwingine yeyote anapiga shuti. Yeye anauburuza kuelekea kulia, sambamba na mstari wa boksi, na kila mguso unamvuta Mjerumani mmoja hatua moja nje ya nafasi yake. Fabio Grosso yuko ndani ya boksi, upande wa kulia. Pirlo hamtazami hata kidogo. Macho yako mbele, mguu unaupenyeza mpira kati ya mabeki. Grosso anauzungusha kwa kushoto hadi nguzo ya mbali. Wajerumani walisoma macho yake, wakadanganywa nayo.

Mipira ya adhabu nayo ina siri yake. Pirlo amefunga 26 kwenye Serie A, miwili tu pungufu ya Siniša Mihajlović mwenye 28. Aliusoma upigaji wa Mbrazili Juninho Pernambucano wa Lyon, akajaribu na kukosa muda mrefu kabla ya kugundua kwamba alikuwa akitazama mpira unavyoruka badala ya mguu unavyougusa. Jibu lilikuwa vidole vitatu vya kwanza vya mguu: mpira unapigwa kwa chini yake, mguu ukiwa umenyooka kadiri iwezekanavyo, kisha mguu unalegezwa mara moja. Mpira usiozunguka unayumba angani kwa sababu hewa haishiki mishono yake sawasawa, na kipa hajui utaangukia wapi. Ukiugonga pembeni kidogo, unazunguka na unakuwa krosi ya kawaida. Ukiusindikiza kwa mguu baada ya kuugusa, vilevile. Ukiegemea nyuma, unaokota mpira jukwaani. Na upigaji huu unataka umbali. Pale karibu na boksi, mita 20 hivi, aliuacha na kuupinda mpira juu ya ukuta kama watu wengine. Machi 2014 aliiua Genoa hivyo dakika ya 89, na siku nne baadaye Fiorentina ikatolewa Ligi ya Europa kwa njia hiyohiyo.

Alimalizia New York City, akatundika daluga Novemba 2017 akiwa na mechi 116 na mabao 13 ya timu ya taifa. Marekani ilimwanika: timu iliyopanda na kushuka bila mpangilio, bila Gattuso wala Vidal wa kufukuza, Pirlo akabaki anatazama wapinzani wakimpita. Miguu ilikuwa imechoka, sikatai. Lakini hata miguu ya miaka 25 ingeadhirika pale.

Hoja yangu inathibitishwa na ukocha wake zaidi kuliko mechi zake. Agosti 8, 2020, siku moja baada ya Juventus kutolewa na Lyon, Maurizio Sarri alifukuzwa na Pirlo akapewa timu, siku tisa tu baada ya kutangazwa kocha wa vijana wa chini ya miaka 23. Hakuwa amefundisha mechi hata moja. Aliwataka viungo wake wachezeshe kuanzia chini kabisa. Februari 17, 2021, mbele ya Porto, mechi ikiwa na dakika moja, Rodrigo Bentancur akarudisha pasi fupi kwa kipa wake, Mehdi Taremi akainasa na kufunga. Juventus ikatolewa Ligi ya Mabingwa kwa kanuni ya bao la ugenini. Machi 21, nyumbani dhidi ya Benevento, Arthur alipiga pasi ya kukatiza mbele ya lango lake mwenyewe, Adolfo Gaich akaiokota, 0-1. Makosa yote mawili yalitokea mahali ambapo Pirlo aliishi miaka 15. Aliwadai wengine kitu alichokuwa akikifanya bila kufikiri, na hakuwapa wakimbiaji aliokuwa nao yeye.

Juventus ilimaliza ya nne kwa pointi 78. Mei 28 akafukuzwa, na nafasi yake akapewa Allegri. Baadaye akaenda Fatih Karagümrük ya Uturuki, kisha Sampdoria, iliyomtimua Agosti 2024 baada ya mechi tatu za ligi. Wapo wanaosema ameshindwa kabisa kama kocha. Mimi msimu wake wa Turin siufuti: alibeba makombe mawili ya Italia, Supercoppa kwa kuifunga Napoli 2-0 na Coppa Italia kwa kuifunga Atalanta 2-1. Misimu miwili iliyofuata, na kocha mzoefu kwenye benchi, Juventus haikunyanyua kombe lolote.