Waliochimba Tongoni wana deni kwa watu wa Tongoni

Jumamosi nilipita mahali wanapojenga ghorofa, huku London ya mashariki. Uzio umekatwa vidirisha ili wapita njia wachungulie, na bango linaeleza kilichokutwa chini: kisima, vigae vya vyungu, mifupa. Binti mmoja wa akiolojia, buti zimejaa tope, alikuwa akimjibu bibi wa mtaa ule swali baada ya swali. Nilifurahi, kisha nikaghadhibika, kwa sababu nilikumbuka kwetu.

Makaburi ya kale ya nguzo ya Tongoni, kwetu Tanga, mnayajua. Mabakuli ya Kichina yaliyopachikwa kwenye nguzo yaling'olewa, yamebaki mashimo. Lakini leo sina habari na wezi. Nasema na wasomi wenye kibali. Kijijini kwa mama yangu walikuja, wakaajiri vijana wabebe karai na kuchekecha udongo, vigae vikaingia kwenye maboksi, gari likaondoka. Waja leo waondoka leo! Mjomba aliyewaonyesha pa kuchimba hajaambiwa mpaka leo walipata nini.

Mtasema nimeonja Ulaya, sasa nawafundisha. Hata kidogo. Ulaya hiihii ilibeba mafuvu ya watu wetu: Berlin walichunguza zaidi ya 1,100 kutoka Afrika Mashariki, na koo za Kilimanjaro bado zinawadai wazee wao. Siwasifu kwa hilo.

Ila kwa maiti wa kwao wana adabu. Reli mpya ilipopita Liverpool Street, hapahapa London, ilikuta makaburi ya kale yaitwayo Bedlam, yaliyoanza 1569; wengi waliozikwa humo walikuwa maskini. Kabla ya uchimbaji wa 2015, watu wa kujitolea walipekua daftari za makanisa, wakakusanya majina zaidi ya 5,000 ya waliozikwa pale. Mifupa ya watu zaidi ya 3,000 ikatolewa, na baada ya uchunguzi ikazikwa upya. Hao ni mafukara, wengine wamekufa kwa tauni! Wetu je, waliojengewa nguzo?

Mtasema, "Wao wana pesa." Kukaa baraza ya msikiti baada ya Isha na kusema "tulipata hiki, kimehifadhiwa pale" kunahitaji pesa gani? Tongoni, na magofu ya Kaole kule Bagamoyo, watu bado wanazuru, wanafukiza ubani, wanaweka nadhiri. Tangu 1989, kwa makubaliano ya Vermillion, wanaakiolojia wa dunia walisema matakwa ya wafu na ya jamii zao yaheshimiwe. Wala msiniambie wachimbaji ni wageni. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kinafundisha akiolojia tangu miaka ya 1980, kimetoa wataalamu hodari, nami najivunia kila nikisoma kazi zao. Ndiyo maana naumia zaidi mtoto wetu anapoingia kijijini na shikamoo, akatoka bila kuaga.

Na wewe unayesema nirudi nikafanye mwenyewe: mimi si mwanaakiolojia. Aliyechimba ndiye mwenye deni. Ripoti yako ya Kiingereza ipo kabatini. Andika kurasa mbili kwa Kiswahili, wataje waliokuonyesha njia, umkabidhi mwenyekiti wa kijiji kabla hujaomba kibali kingine.