Jiwe la Gjógv na diko la Kojani

Kila nikipiga simu kwetu Kojani, kisiwa cha wavuvi huko Pemba, swali la kwanza ni baridi na la pili ni mshahara. Baridi ipo, ila si ile mnayoiona kwenye filamu. Visiwa vya Faroe ninakoishi, huku kaskazini mwa Ulaya, vinapashwa na mkondo wa bahari utokao kusini, na huku pwani theluji haikai siku nyingi. Kinachommaliza mtu ni upepo. Mshahara nao upo, na mwenye nyumba huusubiri kwa hamu kuliko mimi. Leo nina la tatu, ambalo haniulizi mtu.

Mke wangu ni wa huku, na mamake kazaliwa Gjógv, kijiji kilichoko kaskazini mwa kisiwa cha Eysturoy. Msihangaike na herufi, semeni "Chekv" mtaeleweka. Maana yake ni ufa. Mwamba umepasuka kiasi cha mita 200, bahari ikaingia ndani, na ufa huo ndio bandari yao. Boti hailali majini hata usiku mmoja. Inavutwa juu kwa winchi, maana wimbi likishaingia humo halina pa kwenda ila kupanda. Mara ya kwanza nilisimama ukingoni nikakumbuka diko letu, pale tunapoegesha vyombo, mchanga mtupu, mashua zimeegemea ubavu kama wazee baada ya swala ya adhuhuri. Wenzetu hawa walipewa bahari bila ufukwe.

Kijiji kimo kwenye maandishi tangu 1584. Kwa miaka mingi Jumapili walikwenda kusali kijiji cha jirani, Funningur, mpaka 1929 walipopata kanisa lao, la kwanza kuwekwa wakfu kwa Kifaroe badala ya Kidenishi. Mkwe wangu akilitaja hilo hunyoosha mgongo.

Lakini kilichonifanya nijione niko kwetu ni dago, ile safari ya msimu ya kwenda kuvua mbali na nyumbani. Hawaliiti hivyo, bila shaka. Kuanzia 1872 Wafaroe walinunua jahazi kuukuu za Waingereza, ambao wao walikuwa wanahamia meli za mvuke, wakaanza kwenda kuvua mbali: kwanza Iceland, baadaye hadi Greenland. Wanaume waliondoka baridi ikipungua, wakarudi siku zikianza kufupika. Huku nyuma wanawake walianika chewa wa chumvi juu ya mawe na kuwafunika mvua ikija, na mvua ya huku huja mara nne kwa siku. Mkojani gani asiyeyajua haya? Nasi huondoka kwa misimu, Tanga, Mafia, hata Kenya, na ng'onda huanikwa na waliobaki.

Jahazi hizo kuukuu hazikurudi zote. Juu ya ule ufa wamesimamisha sanamu ya mama na watoto wake wakitazama bahari, na pamoja nayo majina ya wavuvi wa kijiji waliopotea baharini. Majina na umri. Jina, umri, jina, umri. Kuna majina ya ukoo yanayojirudia hadi unaelewa kwamba nyumba moja imepigwa zaidi ya mara moja. Mkwe wangu hupitisha kidole polepole kwenye herufi za mtu ambaye hakuwahi kumwona, na akifika mwisho wa jina huvaa glovu yake tena.

Mjomba wangu alitoka dago wakati wa kusi, hakurudi. Tulimswalia swala ya ghaibu. Mkewe hakujua aanze kukaa eda siku gani, kwa kuwa hakuna aliyejua kafa siku gani. Jina lake halikuandikwa popote. Leo watoto wa wajukuu zake wanajua tu kwamba "kuna babu alizama".

Wala si wavuvi tu. Septemba 10, 2011, MV Spice Islander I ilizama ikitoka Unguja kuja Pemba, imejaza kupita kiasi, na hesabu ya waliokufa inabishaniwa mpaka leo. Watu wanabishana idadi kwa sababu wengi hawakuwa kwenye orodha yoyote.

Najua mtakaloniambia: Ulaya wana hela. Kweli wanazo. Tangu 2020 wana njia ya gari chini ya bahari yenye kipilefti katikati, naapa, kipilefti chini ya bahari. Gásadalur, kijiji kisichofika watu 20, walitobolewa mlima mwaka 2004. Sisi hatuna hata daraja la kutuvusha. Ila jiwe lenye majina si kipilefti. Na majina haya ni ya wakati wakiwa maskini kama sisi. Kijiji cha Skarð, kisiwa cha Kunoy, kilipoteza wanaume wake saba wenye nguvu siku moja, Desemba 23, 1913. Alibaki mzee mmoja na kijana wa miaka 14. Wanawake ndio walioamua kuhama, na kufikia 1919 kijiji kilikuwa kitupu. Lakini waliozama wanajulikana mmoja mmoja.

Wala sisemi tubadilishane. Gjógv leo haina hata watu 50, na nyumba nyingi huwashwa taa kiangazi tu, wenyewe wakija likizo. Kojani ukitupa jiwe unampiga mtoto. Mkwe wangu alipoona picha za vichochoro vyetu aliuliza hao watoto wote ni wa shule gani, nikamwambia ni wa mtaa mmoja. Alinyamaza.

Nimeleta wazo la kuweka ubao dikoni. Mzee mmoja kanijibu kwamba sanamu hatutaki. Sawa, sanamu tuiache. Ubao wa mninga na majina, hauabudiwi na mtu, na sheha anaweza kusaidia kwa tarehe. Wengine wamesema kwanza tupate daraja. Daraja litajengwa na serikali ikipenda. Majina anayo mama yangu kichwani, na mama ana miaka 78.

Ijumaa iliyopita nilikaa na kalamu, yeye kwenye simu. Alitaja kumi na moja bila kusita, na mwaka, na chombo. Wa kumi na mbili alikuwa kijana aliyefia Mafia. Alisema, "Jina lake Hamadi. Babake nani vile?" Nikamsubiri, nasikia kuku nyuma yake. Akasema nimpigie kesho, atamuuliza bibi wa nyumba ya pili, kama anakumbuka.