Wakichukua mashine, wamechukua kila kitu

Nimesoma makala yanayoeleza wavuvi wetu Wakenya wanavyokamatwa na askari wa doria wa Uganda upande wa kisiwa cha Migingo, Ziwa Victoria, na msomaji mmoja akauliza kwa nini wasibaki maji ya Kenya. Ndugu yangu, maji yapi? Sisi tuna asilimia 6 hivi ya Ziwa Victoria. Na hata hiyo, gugumaji likifunga Ghuba ya Winam, boti hazitoki ufuo wa Dunga, Kisumu, mpaka upepo ulisukume kwingine. Samaki aina ya mbuta wako maji makuu, na usiku huko hakuna boya wala taa ya kukuonyesha mpaka.

Watu wanaongelea faini. Mimi inaniuma zaidi ile mashine ya boti. Vijana wengi mashine si yao, ni ya tajiri. Ikichukuliwa pamoja na nyavu na petroli, kijana anarudi kwa kasia, deni likimngoja. Ufuoni kina mama wamekaa na mabeseni tangu alfajiri, pesa ya chama imefungwa kwenye pindo la leso. Samaki wakiadimika ndipo wengine huambiwa walipe kwa miili yao kwanza, ile jaboya tunayoinong'ona miaka yote hapa Nyanza. Hiyo nayo ni vita, hata kama haina bunduki.

Kenya na Uganda zilianza kupima mpaka huo pamoja mwaka 2009. Wabunge wetu watuambie kazi hiyo iliishia wapi, na mashine zilizochukuliwa zirudishwe.