Mganga hajigangi, ila mastaa wa siku hizi wanajiganga

Jana usiku nimepoteza karibu masaa mawili naangalia dokumentari ya bendi moja ya rock, jina siwapi maana zote ni zile zile, mmeshaziona. Jamaa kakaa kwenye kochi jeupe anasimulia alivyoteseka. Anakuja prodyuza wake anasema jamaa ni jiniasi, anakuja mzee mwenye miwani naye anasema jamaa ni jiniasi, wimbo unaanza, hata kiitikio hakijafika wanaukata, tunarudi kwa mzee wa miwani. Mwisho majina yanapita, mtayarishaji mkuu nani? Jamaa mwenyewe! Wahenga walisema mganga hajigangi, hawakukutana na hawa.

Nikazima nikarudi kwa mzee wangu D.A. Pennebaker, mtengenezaji wa dokumentari za wanamuziki. Mzee wangu wa kujipachika tu, yeye alikuwa Mmarekani wa Illinois, kazaliwa 1925, katutoka 2019.

Watu wanasahau kwamba yule alisomea uinjinia pale Yale. Mwanzoni mwa miaka ya 60 yeye na wenzake walikuwa wanahangaika kutengeneza kamera ya kubeba begani ambayo sauti inaenda sawa na picha bila kuburuta manyaya chumba kizima. Leo simu yako inafanya hivyo ukiwa kwenye daladala, lakini enzi zile ndo ilikuwa tofauti ya kumwita msanii studio na kukaa naye chumbani, na ndo maana 1965 aliweza kuingia na mwimbaji Bob Dylan hotelini London akatulia pembeni kama shemeji aliyekuja bila taarifa.

Kwenye Dont Look Back, filamu iliyotoka humo, kuna sehemu nimeirudia sijui mara ngapi. Chumba kimejaa watu. Donovan yupo, dogo mwimbaji ambaye magazeti ya Uingereza yalikuwa yanamlinganisha na Dylan kila kukicha, anapewa gitaa anaimba kawimbo kake katamu, na Dylan anamsifia kabisa. Halafu gitaa linahamia kwa Dylan, anaimba It's All Over Now, Baby Blue, na wewe unabaki unamwangalia Donovan anavyosikiliza. Basi. Hamna mtaalamu wa kuja kukuambia nani mkali, hamna sauti ya msimulizi. Unajua mwenyewe, na unamwonea huruma mwenyewe.

Na Dylan mle ndani hapendezi! Anafoka sababu ya glasi iliyorushwa dirishani, anamsumbua mwanafunzi aliyekuja kumhoji, mwimbaji mwenzake Joan Baez yupo ila ni kama hayupo. Filamu ikatoka 1967 na hayo yote ndani. Niambieni staa gani leo atasaini hiyo.

Haya, najua mtaniambia Albert Grossman, meneja wa Dylan, ndiye aliyemwita Pennebaker. Kweli, hakupenya dirishani. Na anayeediti ndiye anayeamua tuone nini, hata akikaa kimya. Nimekubali, tuendelee.

Monterey Pop, filamu yake ya tamasha, mtaitafuta wenyewe, angalieni mwimbaji Cass Elliot akiwa kwa watazamaji alivyobaki mdomo wazi mwenzake Janis Joplin akiimba. Mwaka 1973 Pennebaker alikuwepo Hammersmith, London, na kamera usiku mwimbaji David Bowie anamzika jukwaani Ziggy, yule mhusika aliyekuwa anamwigiza. Kwenye filamu ya bendi ya Depeche Mode akawapakia mashabiki kwenye basi kutoka New York mpaka Pasadena, sio bendi yangu ila lile basi nimelipenda. Oscar ya heshima wakampa 2012, ana miaka 87, walikuwa wanasubiri nini sijui.

Hasira zangu zina sababu. Mi nashuti video, harusi na send-off ndo zinalipa kodi ya nyumba. Kuna dogo mmoja mwimbaji nilimfuata siku tatu, na siku ya shoo nikamkuta nyuma ya jukwaa kakaa juu ya kreti la soda, anajifuta jasho na fulana, anajikumbusha mistari kwa sauti ya chini huku vidole vinapiga paja. Dakika nne, sikuongea kitu. Sijawahi kushuti kitu kizuri kama kile. Meneja wake kaangalia mara moja tu, "toa hiyo bro, inaharibu brandi." Nikatoa, tukaweka droni.

Klipu ninayo bado kwenye hard disk. Siku nyingine naifungua tu namwangalia anavyokosea mstari ule ule mara tatu, mara ya nne anaupata, anacheka peke yake.