Kekilli hakuanzia kwa Shae

Eti mwigizaji Sibel Kekilli "aliibuka" kupitia tamthilia ya Game of Thrones! Huko ni kuanza hadithi katikati. Kabla Shae, mhusika wake humo, hajaonekana 2011, binti huyu wa Heilbronn, mtoto wa wazazi waliotoka Uturuki, alishabeba Lola, tuzo kubwa ya filamu Ujerumani, mara mbili: 2004 kwa Gegen die Wand ya Fatih Akin, iliyonyakua pia Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin, na 2010 kwa Die Fremde. Hii ya pili ndiyo iliyonikaa rohoni. Umay, mhusika wake, anamkimbia mume anayempiga Istanbul, anarudi kwao Berlin na mwanawe mdogo, na wanaomwambia arudi kwa mumewe ni wazazi wake mwenyewe, si Wajerumani. Wanampenda, ila wanaogopa zaidi midomo ya watu. Sisi tuliolelewa kwa "watu watasemaje" hatuhitaji mkalimani hapo. Baadaye Tatort, tamthilia ya upelelezi ya televisheni ya Ujerumani, ikampa nafasi ya mpelelezi Sarah Brandt wa Kiel, jina la Kijerumani tupu, na kwangu hilo lina uzito kuliko joka lolote la Game of Thrones. Kuna aliyeweza kuitazama Die Fremde mara ya pili? Mimi nimeshindwa.